Sala ya Bomba Lisilotoa Maji

Mheshimiwa yeyote aliyewahi kuhutubia kijijini Endasak alihutubia mara mbili, ila ya pili hakuisikia. Ya kwanza aliisema mwenyewe, kwa kipaza sauti, chini ya turubai. Ya pili ilisemwa na Maximilian Hhando, vumbi la msafara lilipokwisha kutulia barabarani.

Watu walikuwa hawatawanyiki. Waligeuza mabenchi wakamwelekea yeye. Maximilian, mwembamba kama fimbo ya kuchungia, alivaa koti lake la harusi, akalitoa mbele tumbo ambalo Mungu hakumjalia, akakohoa vile vile mgeni alivyokohoa, kisha akaanza: ndugu wananchi, nimekuja kuwasikiliza, kwa hiyo nyamazeni. Alikwenda hivyo ahadi kwa ahadi, na kila ahadi aliirefusha kidogo tu, kiasi cha kuifanya ionekane ilivyo. Wazee walishika mbavu. Wapo walioikosa hotuba ya kwanza kwa makusudi, wakabaki shambani wakipalilia maharage, wakaja kwa hiyo ya pili.

Tusimnyime haki yake, alikuwa na kipaji. Shambani hakuwa na la kujivunia; mahindi yake yalikuwa mahindi ya kila mtu kwenye miteremko ile ya Hanang, na ng'ombe wake walikonda kiangazi kama wa jirani. Lakini harusi, ubatizo, kipaimara, hakuna aliyemtafuta msemaji mwingine. Hata mke wake Lucia alimpata kwa mzaha. Vijana walikuwa wamekusanyika kupukuchua mahindi kwa mzee mmoja, Maximilian akamwigiza bwana shamba aliyeogopa viwavi, na Lucia akacheka mpaka akaanguka juu ya magunzi. Maximilian aliamua palepale kwamba huyu ndiye. Tangu hapo, kichwani mwake, kuchekwa na Lucia na kupendwa na Lucia vilikuwa kitu kimoja.

Shida ni kwamba miaka ilikwenda, na mizaha ya mume huzeeka mbele ya mke kuliko mbele ya watu wengine. Lucia aliijua yote tangu Paskalina, binti yao wa kwanza, hajaota meno. Aliisikiliza huku akichambua mchicha, akasema "ndiyo, Baba Paskalina," akaenda kuteka maji. Hakuwa na ubaya naye hata kidogo. Maximilian alilijua hilo, na bado roho ilimuuma.

Sasa yupo jirani yake, Yohanes Sulle. Mashamba yao yamepakana, walipata kipaimara siku moja, na wakifa watazikwa mahali pamoja. Yohanes ni mtu ambaye ukimsimulia mzaha, anakuuliza yule mtu aliendeleaje baadaye, kama alipona. Hakuna anayekumbuka siku aliyochekesha. Alichokuwa nacho Yohanes ni sala. Aliirithi kwa baba yake ile sala ya baraka ambayo Wairaqw wanaiita slufay: mzee mmoja anasimama na kunena mstari kwa mstari, na wote waliopo wanamwitikia. Sala hiyo ikishaanza haiachwi. Uwe na haraka, uwe na hasira, uwe umegombana na mnenaji jana yake, ukiisikia unaitikia, maana mstari usioitikiwa unaanguka chini na baraka yake inapotea. Yohanes aliombea maharusi, mbegu, ng'ombe na wagonjwa, na padre mwenyewe hakuona kosa.

Maximilian hakuwahi kumwonea Yohanes wivu. Angeanzia wapi? Sala ni sala na kicheko ni kicheko, kila mtu na shamba lake.

Wivu ulianzia kwenye televisheni. Joakimu, mwenye kibanda umiza pale barabarani ambapo vijana huangalia mpira, alianza kuwafungulia watu kipindi kimoja cha Jumapili jioni kiitwacho Habari za Pembeni. Kilikuwa kinafanana na taarifa ya habari hasa, muziki wake, meza yake, na kijana wa tai nyekundu aitwaye Julius aliyesoma kwa uso mkavu. Ila aliyoyasoma ndiyo yaliyokuwa balaa. Alimtangaza mheshimiwa aliyesinzia kikaoni kama anayetangaza mpira, kwa kunong'ona, "kichwa kinashuka, kinashuka, ameamka, hapana, alikuwa anageuza upande." Alisoma habari za ahadi ya barabara iliyotolewa zamani sana, ambayo sasa imekua, imemaliza kidato cha nne na inazunguka na vyeti vyake ikitafuta kazi. Alisoma bei ya vitunguu kama anayesoma majina ya marehemu.

Endasak ikahamia kwa Joakimu. Wanawake walimaliza mapema kazi za jioni, wanafunzi wakasahau madaftari, na hata Lucia, ambaye hakuwahi kukanyaga kibandani hapo kwa sababu ya kelele za mpira, alikwenda. Maximilian alikwenda pia, akakaa nyuma, mikono kifuani. Hakuwa mtu wa kuchekea mzaha wa mwenzake. Aliusikiliza kama fundi seremala anavyokitazama kiti cha fundi mwingine, akitafuta mguu mfupi. Na mara nyingi hakuuona. Hilo ndilo lililomkera.

"Huyu kijana ananiiba," alimwambia Joakimu.

Joakimu alimkumbusha kwamba Julius hajawahi kufika Endasak. Maximilian akasema wizi wa siku hizi hauhitaji miguu. Nyumbani alimweleza Lucia kwamba ule mzaha wa kusinzia aliufanya yeye zamani, kwenye ubatizo wa mtoto wa Yusta, na kwamba wote walicheka. Lucia akasema anakumbuka. Kisha akaukumbuka ule wa Julius, akatabasamu peke yake akikoroga uji, na Maximilian akaliona hilo tabasamu na kujua si lake. Mtu na akili zake, mwenye mke na watoto, akawa anamwonea wivu kijana aliye ndani ya kioo, asiyejua hata kama yeye yupo duniani.

Basi ikatokea habari ya bomba. Njia panda ya kwenda kanisani palikuwa na bomba la maji lililozinduliwa mara tatu. Mheshimiwa wa kwanza alikata utepe mwekundu, na maji yakatoka kweli, kwa sababu lori la maji lilikuwa limeunganishwa kwa nyuma. Lori lilipoondoka, liliondoka na maji yake. Wa pili alikata utepe wa bluu, akafungua, bomba likatoa upepo, watu wakapiga makofi. Wa tatu utepe ulisahaulika, ikabidi lifungwe kipande cha kitenge. Bomba la kuleta maji kutoka chemchemi ya mlimani halijawahi kufika njia panda. Lilikomea katikati ya mteremko, na wanawake waliendelea kwenda mtoni na ndoo zao, wakipita mbele ya bomba hilo kama mtu anayepita mbele ya ndugu asiyeitikia salamu.

Mwalimu mmoja aliyehamishiwa hapo kutoka Tabora alipiga picha, akaziandikia maelezo, akazituma kwenye kipindi. Jibu likaja kwamba Julius na wenzake wanakuja wenyewe.

Maximilian alipoisikia habari hiyo, wivu wote uligeuka tumaini. Hivyo ndivyo alivyo mwenye wivu: mpe nafasi ya kukaa kwenye kiti anachokichukia, atakisifia kwamba ni kiti kizuri. Akawaambia watu kwamba Julius si mbaya, anahitaji tu kuona kazi yenyewe ikifanywa. Alilipeleka koti kwa fundi likatiwe vifungo. Alifanya mazoezi zizini, ng'ombe wakamtazama. Aliwaalika watu kwa Joakimu hata kabla kipindi hakijarekodiwa, na alimwambia Lucia akae mbele siku hiyo, asikae pembeni na kina mama.

Wageni walifika kwa gari dogo jeupe, na Julius alikuwa mfupi kuliko kwenye televisheni, jambo lililompa Maximilian faraja. Akawapokea kama mwenyeji wao, akawapa namba yake ya simu, akasimama mbele ya bomba na kutoa hotuba zote tatu za uzinduzi. Hajawahi kuwa mzuri kama siku ile. Alipofika kwenye kipande cha kitenge, mpiga picha alitingishika kwa kicheko mpaka Maximilian akaombwa arudie. Julius alimpa mkono, akamwambia, "Kaka, wewe ni hatari." Maximilian alijiona amefika. Aliliona jina lake likipita chini ya kioo kwa herufi nyeupe.

Walikuwa wanafunga vifaa vyao Yohanes alipotokea kutoka shambani, jembe begani, matope magotini. Alipoona watu wamelizunguka bomba, gari na kamera, akadhani ni uzinduzi wa nne. Alisalimia, akalisogelea, akaligusa lile bomba. Kisha akauliza swali ambalo hakuna mwingine aliyewahi kuliuliza: kitu kimezinduliwa mara tatu, je, kimeombewa lini?

Wakatazamana. Hakikuombewa.

"Basi mtaachaje kukizindua," Yohanes alisema, wala hakuwa na mzaha wowote. Akaweka jembe chini, akavua kofia, akasema anaomba ruhusa.

Julius akawarudisha wenzake kamerani kwa kidole. Akamwomba mzee atumie Kiswahili ili nchi nzima isikie. Yohanes alisita, maana sala ile hakuwahi kuigeuza lugha, ila aliona si vizuri kumnyima mgeni. Akasimama wima, akainua mkono.

"Bomba hili, koo lako lifunguke."

"Eee," wakaitikia wazee waliokuwapo, maana sala imeanza.

"Maji yako yawe baridi, yasiwe ya kugombaniwa."

"Eee."

"Waliokuja kukukatia utepe, wawe na afya. Mikasi yao isishike kutu."

"Eee."

"Yule aliyetuahidi, ahadi yake ishike mimba. Izae, na izae mapacha."

"Eee."

"Maji yaliyoondoka na lori, popote yalipo, yakumbuke nyumbani."

Vijana wa kamera walikuwa wameuma midomo, na Julius aligeukia mlimani, mabega yakimtetemeka. Maximilian alisimama nyuma ya Yohanes, koti limefungwa vifungo vyote, akaitikia kila mstari kwa sauti nzito na uso uliofungwa kama mlango. Aliitikia kwa sababu mtu haachi kuitikia. Ila moyoni alikuwa anasikia kitu kikimtoka mikononi, na aliijua sauti yake, kwa kuwa hakuna anayeijua sauti ya kicheko kinachozuiwa kuliko mchekeshaji.

Jumapili ilipofika, kibanda cha Joakimu kilijaa mpaka watu wakasimama dirishani. Lucia alikaa mbele. Yohanes hakuwapo, alikuwa hajui hata saa ya kipindi, na macho yake hayapendi kioo. Muziki ukapiga, Julius akasoma habari za kikao kilichoitishwa kujadili kupunguza vikao, kisha akasema, sasa twende Endasak, ambako bomba limezinduliwa mara nyingi kuliko lilivyotoa maji.

Hotuba tatu za Maximilian hazikuwapo. Hakuna hata moja. Kulikuwa na bomba, kulikuwa na ng'ombe akililamba, halafu kulikuwa na Yohanes, mkono juu, matope magotini. Nyuma ya bega lake ulionekana nusu ya uso wa Maximilian na kola ya koti. Mchango wake wote kwa taifa ulikuwa "eee."

Kibanda kiliporomoka kwa kicheko. Pale kwenye mikasi, Joakimu alilala juu ya kaunta. Kwenye mapacha, watu walipigana makofi ya mgongoni. Na Lucia, Lucia wake, alicheka kama siku ile ya magunzi, kichwa nyuma, machozi yakimtoka, akijifuta kwa ncha ya kitenge na kuanza upya. Maximilian hakumwangalia Yohanes kwenye kioo, alimwangalia mkewe. Alitamani umeme ukatike. Watu wote walikuwa wanacheka isipokuwa yeye, na hakuna aliyelitambua hilo, kwa kuwa hakuna aliyekuwa anamwangalia.

Nchi ikamchukua Yohanes. Video ilizunguka kwenye simu za watu wasiojua Endasak iko wapi. Bodaboda wa Katesh waliandika nyuma ya pikipiki zao "Ahadi Izae Mapacha." Wasomi waliandika kwamba hajapata kutokea mkulima mwenye kejeli kali hivyo, iliyotulia hivyo, ya kumbariki mtu huku unamzika. Na kule juu mteremkoni yakaonekana magari, mabomba na mafundi, kwa kuwa kuna wakubwa ambao hawaoni kiu ila wanaona simu. Haukupita muda mrefu, bomba la njia panda likakohoa, likatema matope, likatoa maji. Maji ya kweli, baridi.

Hapo ndipo Maximilian alipoonja uchungu wenyewe. Angevumilia watu kumpenda Yohanes. Lakini hata maji yalikuwa yamechukua upande.

Jambo moja tu lilimpa nafuu, na alilitunza kama mtu anavyotunza kisu. Yohanes hakujua. Alijua sala yake imetangazwa, alijua maji yametoka, na mwenyewe hakuona ajabu, maana maji yaliombwa yakaja. Watu walipokutana naye wakiwa wamejaa kicheko, alidhani ni furaha ya maji, naye akafurahi nao. Vijana walipomwambia "shikamoo mzee, mikasi isishike kutu," aliitikia "marahaba, wanangu, na isishike kweli." Nchi nzima ilikuwa inamcheka, na yeye alidhani nchi nzima inaitikia.

Kisha simu ikaita. Alikuwa Julius, na alipiga kwa Maximilian kwa sababu ndiyo namba aliyokuwa nayo. Mheshimiwa anakuja kuzindua bomba kwa mara ya nne, wao watakuja kurekodi, na baada ya hapo wanataka kumchukua yule mzee mpaka studio Dar es Salaam, awe anaombea jambo moja kila wiki. Barabara, bajeti, chochote kile. Maximilian alisikiliza, akauliza kwa sauti aliyoifanya nyepesi, na zile hotuba zake je, zitatoka lini.

"Kaka, wewe ni mzuri kabisa," Julius alisema. "Ila wachekeshaji tunao wengi. Mtu kama yule hatuna."

Maximilian alisema sawa, atamfikishia.

Alikwenda mchana uleule. Njiani alijiambia kwamba anakwenda kwa wema, kwamba jirani ana haki ya kujua, kwamba si vizuri mzee wa watu kupelekwa mjini kama mbuzi asiyejua sikukuu. Yote hayo yalikuwa kweli, na hakuna hata moja lililomtoa nyumbani. Kilichomtoa nyumbani ni Lucia mwenye machozi ya kicheko.

Alimkuta Yohanes uani anapura maharage. Walisalimiana, wakaulizana habari za ng'ombe. Maximilian akasema amekuja kumwonyesha kitu, akakaa karibu naye kwenye turubai, akatoa simu. Haikuwa ile sala peke yake. Alikuwa ametafuta video ambayo mtu aliirekodi ndani ya kibanda cha Joakimu, ambamo sala inasikika kwa mbali na kicheko kinasikika kwa karibu, na nyuso zinaonekana.

Yohanes aliishika simu kwa mikono miwili. Aliangalia mpaka mwisho. Akaomba irudiwe. Mara ya pili aliweka kidole karibu na kioo, akawa anafuata nyuso moja moja kama anayehesabu mifugo jioni. Joakimu. Yusta. Mwalimu. Lucia.

"Wanacheka nini?" aliuliza.

"Wanakucheka wewe," Maximilian alisema. "Nchi nzima. Wanadhani ulikuwa unafanya mzaha, kama mimi ninavyofanya. Wanataka uende ukafanye tena."

Kuku waliingia kwenye maharage na hakuwafukuza. Maximilian alikuwa akingoja kusikia ule utamu aliokuja kuutafuta, akausikia kidogo, ukapita kama harufu ya chakula cha jirani.

Ndipo Yohanes akaomba ile nyingine, sala yenyewe ilivyorekodiwa bombani. Akaiangalia hiyo pia. Alisimamisha kidole.

"Huyu nyuma yangu ni wewe."

"Ni mimi."

"Kijana wa tai anacheka. Huyu mwenye fimbo ya kipaza sauti naye anacheka kwa chini. Wewe hucheki." Akainua uso. "Na kule kwa Joakimu, ulicheka?"

Maximilian angeweza kusema uongo wowote duniani, ila swali hili lilimdai ukweli.

"Hapana," alisema. "Sikucheka."

Yohanes akatikisa kichwa polepole, kwa muda mrefu. Akamrudishia simu, akaushika mkono wake, akaukalisha ndani ya mikono yake miwili yenye vumbi la maharage.

"Basi ni wewe uliyeitikia kweli," alisema. "Peke yako. Na ni wewe umekuja kuniambia. Wengine wamenisalimia kila siku njiani na hawakuniambia. Asante, ndugu yangu."

Maximilian alifungua mdomo. Akasema si kitu, akasema ng'ombe wanamngoja, akaondoka.

Studio Yohanes alikataa, bila hasira, kwa maneno machache. Siku ya uzinduzi wa nne watu walijaa njia panda, utepe safari hii ulikuwapo, na mheshimiwa alieleza jinsi alivyokuwa na maono ya maji haya tangu utotoni. Kisha akasema sasa tunamwomba mzee wetu maarufu atubariki. Simu zikainuliwa juu kabla Yohanes hajasimama. Nyuso zilikuwa zimeshaanza kutabasamu, Julius ameuma mdomo, kina mama wameshikana mabega tayari.

Yohanes alisimama, akawaangalia. Hakuinua mkono.

"Sala imeombwa, siwezi kuinyima," alisema. "Lakini nimeonyeshwa mlivyocheka. Sitaweza kuomba nikiwatazama ninyi. Nitamtazama Maximilian Hhando, kwa kuwa katika kijiji hiki ndiye mtu pekee ambaye hakunicheka. Maximilian, njoo usimame mbele yangu."

Maximilian alipita katikati ya watu. Walimpisha. Maisha yake yote alitaka macho yote ya Endasak yawe juu yake, na sasa yalikuwapo, na hakuna jicho lililokuwa na kicheko. Simu zilishuka moja moja. Yohanes akaomba kwa Kiiraqw, kwa sauti ya chini, na kila mstari Maximilian aliitikia wa kwanza, wengine wakamfuata wakiwa wamekodolea macho viatu vyao. Kipindi hakikupata cha kurusha.

Walirudi nyumbani kwa miguu, yeye na Lucia, Lucia akiwa na ndoo ya maji ya bomba kichwani. Njiani Lucia akauliza kama ni kweli siku ile hakucheka.

"Sikucheka."

"Mimi nilicheka," Lucia alisema. "Nilicheka mpaka nikalia. Mzee wa watu alikuwa anatuombea maji, mimi mchotaji nikacheka." Aliiweka ndoo sawa kichwani. "Nimeishi na wewe miaka yote hii nikidhani nakujua. Nilidhani kwako kila kitu ni mzaha. Nisamehe, Baba Paskalina. Una moyo mzuri kuliko sisi wote."

Akashusha mkono mmoja kutoka kwenye ndoo na kumshika mkono, hapo hapo barabarani, watu wakiona, jambo ambalo hakulifanya hata walipokuwa wachumba. Maximilian alitaka kumwambia. Neno lilifika mpaka kwenye meno. Lakini mkono ule ulikuwa wa moto na ulikuwa umemkamata kwa nguvu, na alijua ukweli ukitoka, mkono utaondoka nao. Akanyamaza, akatembea. Alimwonea wivu mkubwa, kuliko aliomwonea Julius, kuliko aliomwonea Yohanes, yule mwanamume mwema ambaye Lucia alidhani amemshika mkono.